Urea, choroko au soya ya pakiti ya bakteria: kipi kitafufua shamba la luseni?

Luseni_Misungwi
Wakuu, habari za jioni. Nina ekari mbili Misungwi, luseni tupu, ule mchanga unaopita katikati ya vidole. Mahindi yakifika magotini, majani ya chini yanaanza umanjano kwenye ncha, kisha unarudi nyuma ukifuata mshipa wa katikati. Nina hela ya njia moja tu: (a) urea ya kukuzia, (b) choroko vuli hii, mahindi yafuate, (c) soya iliyochanganywa na bakteria wa pakiti. Lingekuwa shamba lenu, mngeanza na ipi?

TichaBaiolojia
Umanjano wa namna hiyo ni njaa ya nitrojeni. Na inauma, maana hewa inayopita juu ya mahindi yako ni nitrojeni asilimia 78. Shida ni kwamba atomu zake mbili zimeshikana kwa vifungo vitatu, na hakuna mmea unaoweza kuziachanisha. Wanaoweza ni baadhi ya bakteria na vijidudu wengine wanaofanana nao, kwa kimeng'enya kinachoitwa nitrojenesi, chenye chuma na kwa kawaida molibdeni ndani yake. Kiwanda cha mbolea hufanya kazi hiyohiyo kwa moto mkali na mgandamizo mkubwa. Bakteria anaifanya palepale Misungwi, kwenye joto la udongo.

Gharama ipo: kila molekuli ya nitrojeni inakula molekuli 16 hivi za ATP, ile inayobeba nguvu ndani ya seli, na nguvu hiyo inatoka kwenye sukari ya mmea. Choroko inamlisha bakteria ndani ya vinundu vya mizizi, naye anailisha choroko. Halafu kuna jambo ambalo hunishangaza kila nikilifundisha. Oksijeni inakiharibu kimeng'enya kile, na bakteria mwenyewe anaihitaji apumue. Basi ndani ya kinundu hutengenezwa protini iliyo ndugu ya himoglobini ya damu yetu, inayoishika oksijeni na kuigawa kidogokidogo. Pasua kinundu kwa ukucha: kikiwa chekundu kama nyama, kazi inaendelea. Kikiwa cheupe au kijani, hakuna kitu.

MamaMagu
Mdogo wangu, mimi ni (b), ila jifunze kwa kosa langu. Miaka mingi nilipanda karanga na mahindi kwa kupokezana, na mahindi hayakubadilika. Kumbe tulikuwa tunang'oa karanga na mashina yake, tunabeba nyumbani kupukuchua, majani wanamaliza mbuzi. Shambani hakubaki kitu. Siku hizi choroko nachuma maganda kwa mkono, mara mbili tatu, mashina nayalaza chini na kuyafukia kabla ng'ombe hawajaachiwa mashambani. Hapo ndipo nilipoona mahindi ya kijani.

TichaBaiolojia
Shikamoo Mama, umegusa penyewe. Karibu robo ya uzito wa choroko kavu ni protini, kwa hiyo gunia la kilo 100 linaondoka na nitrojeni inayokaribia kilo 4. Uza magunia matatu, umetoa kama kilo 12. Mfuko wa urea wa kilo 50 una kilo 23. Faida ya mahindi iko kwenye majani na mizizi inayobaki ikioza. Na wanaochanganya choroko na mahindi kwenye mstari wasitegemee mahindi yanyonyeshwe msimu uleule. Kinachovuja mmea ukiwa hai ni kidogo.

BwanaShambaMstaafu
Niongee kuhusu pakiti. Choroko, kunde na karanga hazichagui sana, zinakubali bakteria wengi waliomo tayari kwenye udongo wetu. Soya inachagua. Shamba ambalo halijawahi kuota soya mara nyingi halina bakteria wake, na hapo pakiti inalipa. Dengu nayo ina wake, kwa hiyo pakiti ya soya usiipeleke mbugani, kwenye ule udongo mweusi wa mfinyanzi, kwa ajili ya dengu.

Wale ni viumbe hai. Niliwahi kununua pakiti zilizokuwa zimekaa dirishani juani, na sikupata kinundu hata kimoja. Changanya kivulini, panda siku hiyohiyo kwenye udongo wenye unyevu. Mambo mawili zaidi kwa luseni: bila fosforasi vinundu vinadumaa, kwa hiyo weka mbolea ya kupandia au samadi iliyooza. Na choroko usiimwagie urea. Mmea ukipata nitrojeni ya mkononi unaacha kuwalisha bakteria.

Kayenze_Ziwani
Samahani kuingilia. Ule ukijani unaotanda ziwani maji yakitulia, unahusiana na haya?

TichaBaiolojia
Sehemu yake, ndiyo. Kuna bakteria wa kijani-bluu kama Anabaena wanaojitengenezea nitrojeni kutoka hewani. Fosforasi ikisombwa kutoka mashambani na mjini, wao hawasubiri nitrojeni, wanazaliana. Ndugu yao anaishi ndani ya majani ya azola, mmea mdogo unaoelea majini, na wakulima wa mpunga Asia wameitumia kama mbolea karne nyingi.

Luseni_Misungwi
Ahsanteni sana. Leo asubuhi nimeomba ruhusa kwa jirani mwenye choroko iliyoanza maua, nikachimba mashina matano kwa jembe taratibu, nikasuuza mizizi kwenye ndoo. Matatu ya katikati ya shamba yana vinundu vichache, vidogo kama mbegu za ulezi. Mawili ya pembeni, lilipokuwa zizi la zamani, yamejaa kila upande, na nilipopasua kimoja ukucha wangu ukabaki na wekundu.

Nimeamua (b). Hela ya urea nagawa: nusu mbolea ya kupandia yenye fosforasi, nusu nauli ya mkokoteni wa samadi. Mashina hayatoki shambani, na mwenye ng'ombe nimeshaongea naye.

MamaMagu
Fukia kungali na unyevu, mwanangu. Yakikauka juani majani yanapeperuka yote.