Acheni kubandika "Kiswahili" kwenye kila jina la mtoto mnalolikuta njiani!

Wakuu, salaam. Hili jambo limenikaba kooni wiki ya pili sasa, nimeshindwa kuvumilia.

Mdogo wangu anaishi Uingereza, mkewe kajifungua mtoto wa kike, alhamdulillahi. Wakatutumia kadi, nzuri kweli, mtoto kafunikwa kanga aliyopelekewa na mama yetu. Chini ya picha wameandika: "Nala. Kwa Kiswahili, zawadi." Mama yuko Tanga, ana miaka sabini na ushei, Kiswahili kakinyonya ziwani. Akavaa miwani, akasoma, akaisogeza dirishani akasoma tena, kisha akaniuliza: "Mwanangu, nala ndiyo nini? Mimi naijua nala wali, nala mkate."

Nilijibu nini? Mama yuko sahihi. Kwetu "nala" ni mtu anayesema anakula. Zawadi ni zawadi, au tunu, au hidaya. Nala yenye maana ya zawadi sijapata kuisikia kwa Mswahili yeyote wala kuikuta kwenye kamusi. Ni jina la simba jike wa katuni ya Marekani, watu wakalipenda, mtu akalitafutia maana, basi.

Nikampigia mdogo wangu. "Dada, sisi tulihakikisha. Tovuti sita za majina ya watoto zote zimesema hivyohivyo." Hapo ndipo nilipowaka. Jamani, hao si mashahidi sita! Ni shahidi mmoja aliyenakiliwa mara sita. Nilikesha usiku ule nikifungua moja baada ya nyingine, na kuna ukurasa ambao hata kosa la herufi wamelibeba kama lilivyo kutoka kwa mwenzao.

Na siyo Nala peke yake. Wameandika Ashanti, Kiswahili, maana yake "asante". Waasante ni watu wa Ghana, makao yao Kumasi, dola yao ilipigana vita na Waingereza karne ya 19, na hiyo tahajia ya "Ashanti" ni ya Waingereza haohao. Asante yetu imetoka kwenye Kiarabu, ahsanta, umefanya vyema. Maneno mawili hayana undugu hata wa mbali, yamefanana sauti tu. Hivi mtu anashindwaje kumuuliza Mghana mmoja?

Ayana, wanasema ni la kike, Kiswahili, "ua zuri". Ua zuri kwa Kiswahili ni ua zuri! Mnamkumbuka Almaz Ayana wa Ethiopia, aliyechukua dhahabu ya mita 10,000 Rio mwaka 2016 na kuvunja rekodi ya dunia? Waethiopia hawana jina la ukoo kama la Wazungu, jina la pili ni la baba. Kwa hiyo Ayana ni baba yake. Mwanamume mzima.

Lupita nalo limo kwenye orodha ya majina ya Afrika. Lupita Nyong'o ni Mjaluo wa Kenya, sawa, lakini alizaliwa Mexico mwaka 1983 na wazazi wake wakampa jina la huko, kifupi cha Guadalupe. Kulijua hilo ni kazi ya dakika mbili.

Lililoniuma zaidi ni Kamau. Wamelipa maana ya "shujaa mkimya". Nina jirani Mkikuyu, nikamsomea, akanyamaza kwanza. Kisha akasema: "Mimi naitwa hivi kwa sababu babu yangu aliitwa hivi." Kwao mtoto wa kwanza wa kiume hupewa jina la babu mzaa baba, wa pili la babu mzaa mama. Ukimwita mtoto umemrudisha mzee nyumbani. Maana ya jina ni yule mzee, na kijiorodha cha mtandaoni kimemfuta kikaweka shujaa wa kutunga.

Hicho ndicho hawa watu hawakielewi. Wanadhani kila jina lina tafsiri yake nzuri ya maneno mawili, "malkia jasiri", "nyota ya asubuhi". Huku kwetu Chausiku kazaliwa usiku, Masika kazaliwa wakati wa mvua, Tatu ni mtoto wa tatu, Mwanaidi kazaliwa sikukuu. Tabu usiitafute kwenye kamusi, muulize mama yake alipitia nini mimba ile. Kofi wa Waakan, watu wa Ghana, kazaliwa Ijumaa, na Kofi Annan ukifungua kalenda utaikuta tarehe 8 Aprili 1938 ni Ijumaa kweli. Jina la namna hiyo lina ushahidi wake. Haya ya "ua zuri" ushahidi wake uko wapi?

Hata Zuri, ambalo neno lenyewe ni letu, wamelikata. Kivumishi hicho hufuata ngeli: mtoto mzuri, nyumba nzuri, tunda zuri. Wazazi wa siku hizi wanaolipenda siwakatazi, ni jina lao. Ila msiwadanganye watu kwamba ni jina la kale la mabibi zetu.

Niliandikia tovuti moja, kwa adabu kabisa, nikaeleza habari ya Nala. Wakanijibu siku ya tatu kwamba watarekebisha nikiwapa "chanzo kinachopatikana mtandaoni". Yaani mama yangu, aliyezungumza lugha hii miaka sabini, si chanzo. Chanzo ni ule ukurasa walioiba kwa mwenzao!

Cheti cha kuzaliwa kimeshatoka na mdogo wangu kanuna, anasema nimemharibia furaha. Mama hajamlaumu mtu. Kadi kaisimamisha kabatini pale kwenye vikombe vya wageni, na akipiga simu anauliza, "Zawadi hajambo?"

Wanaojua Kiyoruba, Kizulu, Kiganda, Kihausa, wekeni hapa majina yenu yaliyopotoshwa na maana yake ya kweli, na mseme mmeyajuaje. Nitayakusanya yote niwarudishie wale wa tovuti. Si wanataka chanzo cha mtandaoni? Hiki hapa.