Takwimu za mtaa ni za nani?

Wadau, hebu tulijadili hili waziwazi. Bado wapo wataalamu wanaosema utafiti wa wakazi hautegemeki kwa kuwa anayejihesabu hujipendelea. Mfano wao ni Kibera, mtaa wa mabanda jijini Nairobi: miaka mingi ilisemwa ina watu milioni moja, sensa ya 2009 ikatoa 170,070.

Lakini ile milioni haikutoka kwa wakazi waliopita mlango kwa mlango. Yalikuwa makisio, yakarudiwarudiwa na mashirika na magazeti hadi yakaaminika. Vijana wa Kibera wenyewe, mwaka huohuo wa 2009, walizunguka na vifaa vya GPS wakachora vichochoro, vyoo na zahanati ambazo ramani za mtandaoni ziliacha tupu.

Mukuru nako, mtaa mwingine wa mabanda Nairobi, Muungano wa Wanavijiji (umoja wa wakazi wa mitaa ya mabanda) na wenzao wa vyuo vikuu walikusanya ushahidi kwamba mkazi hununua maji kwa bei ya juu kuliko mwenye bomba katika mitaa rasmi. Kila mama anayebeba mtungi alilijua hilo siku zote! Lilipoandikwa ndipo likasikika. Agosti 2017 Kaunti ya Nairobi ikatangaza Mukuru eneo maalumu la mipango miji, na wakazi wakajipanga nyumba kumi kumi kutoa maoni juu ya mpango huo.

Msimamo wangu: takwimu zikae mtaani. Mtafiti akizitaka aombe, na kabla ya kuchapisha arudi kuyasoma matokeo barazani, kwa Kiswahili. Kumpa kijana wa mtaa dodoso abebe siku tatu, kisha usionekane tena, huko si kumshirikisha.

Mchangiaji: Ndugu, la kurudisha matokeo nakuunga mkono. Ila "mtaa" ni nani? Wengi Mukuru ni wapangaji. Orodha ya wakazi na majibu yao ikikaa na kamati iliyojaa wenye mabanda, mpangaji aliyelalamikia kodi atalala salama? Halafu mwaka 2021 tingatinga liliingia Mukuru kwa Njenga, mpango ukiwapo. Hizo takwimu zilimkinga nani?

Mwanzisha mada: Hazikulizuia tingatinga, nakubali, na inauma. Lakini aliyebomolewa asiye kwenye orodha yoyote ataanzia wapi kudai? Hilo la wapangaji ni zito kuliko nilivyolifikiria. Ningesema wapangaji wawe ndio wengi kwenye kamati, na malalamiko yaandikwe bila majina. Waliowahi kukaa kwenye kamati za aina hii, hilo liliwezekana kwenu?