Armin Mueller-Stahl: kwa nini aliondoka Ujerumani Mashariki?

Mpenda Filamu:
Ndugu wanajukwaa, mwigizaji huyu, aliyezaliwa mwaka 1930, alikuwa tayari nyota nchini mwake. Ni nini kilichomfanya aanze upya ugenini?

Mzee wa Senema:
Mwaka 1976 alitia saini barua ya kupinga uamuzi wa serikali wa kumvua uraia mwimbaji Wolf Biermann, na tangu hapo kazi zikaadimika, ingawa watazamaji walikuwa wamempenda mno katika tamthilia ya kijasusi ya televisheni, Das unsichtbare Visier. Mwaka 1980 akahamia Magharibi, ambako mwongozaji wa filamu Fassbinder alimpa nafasi katika filamu ya Lola.

Binti Salim:
Naomba kuongeza kwamba Hollywood aliingia akikaribia miaka 60, katika Music Box (1989), akiwa baba anayetuhumiwa kwa uhalifu wa kivita. Shine (1996) ilimletea uteuzi wa Oscar kwa nafasi ya baba mkali wa mpiga piano. Naye Mueller-Stahl mwenyewe, kumbe, alisomea fidla!

Mzee wa Senema:
Ni kweli, dada. Hata hivyo, mimi namwona bora zaidi alipomwigiza mwandishi Thomas Mann katika Die Manns, tamthilia ya televisheni ya mwaka 2001.