Onyesho la nyimbo za Rodgers na Hammerstein hapa Dar: vibali, mpangilio, maiki

Kinanda_Upanga
Wakuu, salaam. Tunaandaa usiku mmoja wa nyimbo za Rodgers (muziki) na Hammerstein (maneno), Wamarekani walioandika michezo ya jukwaani ya nyimbo, ukumbi wa watu 150 hivi, Upanga. Hakuna hadithi, ni nyimbo tu kutoka Oklahoma!, Carousel, South Pacific, The King and I na The Sound of Music. Waimbaji ni 5, wanawake 3 na wanaume 2, wote wa kwaya za kanisani. Wanasoma tonic sol-fa (do, re, mi), nota za mistari hapana. Kuna piano, besi na dramu. Naomba mwongozo wa vibali, mpangilio wa nyimbo na maiki. Na je, tunaweza kuimba baadhi kwa Kiswahili?

Hakimiliki255
Mkuu, anza na haki, ndizo zinazokula muda. Hammerstein alifariki 1960, Rodgers 1979. Sheria yetu inalinda kazi miaka 50 baada ya mtunzi kufariki, na watunzi wakiwa wawili inahesabiwa kwa aliyefariki mwisho. Nyimbo hizi zina wenyewe hadi 2029 iishe.

Mkisimama mkaimba kama tamasha, bila mavazi ya wahusika wala mazungumzo ya mchezo, anzieni COSOTA, ofisi ya hakimiliki Tanzania. Mkiigiza hata kipande cha hadithi, hiyo ni leseni ya jukwaa, na inaombwa moja kwa moja kwa Concord Theatricals, kampuni inayotoa leseni za michezo yao. Watu huharibu hapa: wanalipia tamasha, halafu wiki ya mwisho mwongozaji anaingiza kanzu za watawa na mazungumzo mawili matatu. Onyesho limeshabadilika aina na leseni mkononi haifai tena. Kibali cha BASATA (Baraza la Sanaa la Taifa) ni jambo jingine, hakichukui nafasi ya leseni.

Ipo pia kazi iliyokwisha kupangwa, A Grand Night for Singing, onyesho la nyimbo zao, ilifika Broadway, New York, 1993. Ni ya waimbaji 5, wanawake 3 na wanaume 2, sawasawa na kundi lenu. Mkiichukua msikate wala kuhamisha nyimbo bila ruhusa.

Kiswahili kinawezekana, ila tafsiri inahitaji ruhusa ya maandishi. Peleka maneno yote ya Kiswahili pamoja na maana yake kwa Kiingereza, mstari kwa mstari, wajue wanachoidhinisha.

Mwl_Sauti
Nyimbo 22 zinatosha: dakika 80 hivi, na mapumziko ya 15. Hatari kubwa ni nyimbo za mapenzi za taratibu. Hawa wawili waliziandika nyingi na nzuri, ukichagua kwa moyo tu unajikuta na 14 za mwendo mmoja, ukumbi unapoa. Zisifuatane zaidi ya mbili. Vivyo hivyo waltz, nyimbo za mapigo matatu. Rodgers aliipenda mno 3/4. Ule wimbo wa Billy, mhusika mkuu wa Carousel, anapomuwaza mtoto atakayezaliwa, unazidi dakika 7. Uwekeni mwisho wa nusu ya kwanza, au muuache. Msiukate, kwa sababu nguvu yake yote iko pale mawazo yanapogeuka kutoka mtoto wa kiume kwenda wa kike.

Kuhusu sol-fa, andikeni upya kila sauti, na muwe wakali kwenye fe (fa iliyopandishwa nusu toni), se (so iliyopandishwa) na ta (ti iliyoshushwa). Rodgers anapita sana kwenye nusu toni, na mwanakwaya aliyezoea tenzi ataivuta fe irudi fa bila kujua. Piano ipige kodi (chords) peke yake, isimpigie wimbo, mpaka aishike mwenyewe. Ufunguo unapobadilika, noti ya kuvukia iandikwe kwa silabi mbili, ya zamani ndogo kando ya mpya.

Jambo ninalolisisitiza kuliko yote: Hammerstein kwa kawaida alitangulia kuandika maneno, Rodgers akaweka muziki juu yake. (Kwa Lorenz Hart, mwandishi wa maneno aliyefanya kazi na Rodgers kabla yake, kwa kawaida ilikuwa kinyume.) Kwa hiyo pumzi ifuate sentensi. Mkipumua kila mwisho wa mstari kama kwenye tenzi, maana inakatika na wimbo unakosa uhai.

Kwenye Kiswahili, mkazo wetu uko silabi ya pili kutoka mwisho, lakini nyimbo hizi mara nyingi zinaishia kwenye noti ndefu yenye mkazo. Silabi dhaifu ikiangukia hapo, neno linapinda. Gaweni noti hiyo mara mbili, na mlitaje hilo kwenye ombi la ruhusa.

FundiMitambo_Kkoo
Maiki za kuvaa 5, za mkono 2 za akiba. Adui wa Dar ni jasho: likiziba tundu la maiki, sauti inafifia na herufi za s na t zinapotea. Maiki ikae shavuni, sentimita 2 kutoka pembe ya mdomo, ishikwe kwa plasta ya hospitali. Waya uufanyie kitanzi nyuma ya sikio, chini ya usawa wa maiki, ili jasho lidondokee hapo. Kile kisanduku cha kiunoni kivalishe kondomu isiyo na mafuta. Betri mpya kabla ya onyesho, za mazoezi zisirudi.

Spika ziwe mbele ya mstari wa waimbaji, la sivyo zitapiga miluzi. Fungua maiki ya anayeimba tu. Wawili wakikaribiana uso kwa uso, zima maiki moja, iliyobaki itawabeba wote; zikiwa wazi zote mbili sauti inakuwa nyembamba na yenye mwangwi.

Kinanda_Upanga
Asanteni sana wakuu. Piano ya ukumbini ni ya nyuzi, na AC huwashwa wageni wakianza kuingia. Tuitumie au tulete kinanda cha umeme?

FundiMitambo_Kkoo
Itumieni, ila AC iwashwe tangu asubuhi na fundi aitune mchana AC ikiwa bado inawaka, A=440 (kipimo cha kawaida cha tuni). Ikitunwa kwenye joto na unyevu halafu baridi ije jioni, itahama na mpiga besi ataonekana yeye ndiye anayekosea. Mkileta cha umeme, kiwe na funguo 88 nzito na mkichomeke kwenye UPS, kile kisanduku cha betri cha kushikilia umeme. Umeme ukikatika, zile sekunde za kusubiri jenereta zinatosha kukizima, na kikiwaka kinarudi kwenye sauti ya kiwandani katikati ya wimbo.