Luis Valdez wa Wachikano aliwezaje kuwapandisha vibarua wa shamba jukwaani? Tuna kikundi huku Urambo

Kijana_wa_Bani (Urambo)

Wakuu mwangaluka. Mi niko huku Urambo, tuna kikundi cha maigizo cha vijana, karibu wote tunalima tumbaku au tunafanya kibarua kwenye tumbaku za watu, na masoko yakishaisha watu wanakaa tu kwahiyo jioni tunakutana uwanja wa shule tunaigiza. Mpaka sasa tumecheza za ukimwi, mimba za utotoni, upandaji miti, zile ambazo mradi unakuja na skripti yake mnaikariri mnapewa soda na nauli. Watu wanakuja, wanakaa, mwenyekiti akipiga makofi na wao wanapiga, basi imeisha hiyo.

Sasa kuna jamaa kapita kozi chuo cha sanaa Bagamoyo akatupa stori ya Mmarekani mmoja anaitwa Luis Valdez, Mchikano, yani wale Wamarekani wenye asili ya Meksiko, eti alianza na vibarua wa mashamba ya zabibu wakiwa kwenye mgomo, jukwaa lenyewe lori, halafu huyohuyo akaja kufika Broadway, zile kumbi kubwa za maigizo za New York, akatengeneza sinema, akafundisha vyuo vikuu. Nimejaribu kumsoma mtandaoni ila Kiingereza chao kimechanganyika na Kihispania nikaishia njiani.

Ninachotaka kujua, watu ambao hawajawahi kuigiza aliwafundishaje? Manake sisi tunataka kucheza mambo yetu yenyewe sasa, siku ya soko, mteuzi, yule anayepanga ubora wa tumbaku, anavyopiga daraja, makato, madeni ya pembejeo, kishada, yani mnunuzi wa magendo, anavyokuja usiku na hela taslimu. Na pili, hivi huyu mtu aliishi kwa kula nini? Mzee wangu kila siku ananiuliza hayo maigizo yanalipa kodi gani.

Mwl_Isevya (Tabora mjini)

Kijana umegusa penyewe. Nikiwa Chuo Kikuu Mlimani, Dar, nasoma sanaa za maonyesho huyu mzee tulimpitia lekcha moja tu, silabasi inakimbia kama unavyojua, lakini mimi alininasa nikaendelea kumfuatilia kivyangu.

Kazaliwa hukohuko Delano, California, mwaka 1940, wazazi vibarua wa kuhamahama, wanafuata mazao yanapoiva, watoto kumi yeye wa pili, na shambani kaanza kuingia ana miaka sita. Kuna stori huwa anaisimulia sana. Akiwa darasa la kwanza mwalimu alichukua mfuko wake wa karatasi wa kubebea chakula, akauchanachana akauloweka, akatengenezea kinyago cha igizo la Krismasi. Dogo kwanza akanuna mfuko wake umeharibiwa, alipoona sura inatokea kwenye yale makaratasi akapagawa, akaomba na yeye acheze, akapewa kuwa nyani. Onyesho halijafika familia ikafukuzwa pale walipokuwa wanaishi, ikabidi wahame. Hakucheza. Anasema lile shimo ndo amekuwa akilifukia na tamthilia maisha yake yote.

Akaja kusoma San Jose State, alipata ufadhili wa hesabu na fizikia, katikati akahamia Kiingereza, na tamthilia yake ndefu ya kwanza ikachezwa hapo chuoni 1964. Kisha akajiunga na San Francisco Mime Troupe, kundi lililokuwa linacheza bure kwenye bustani za mji kwa ule mtindo wa zamani wa Kiitalia, vinyago, sauti juu, mwili wote unaongea. Ufundi aliutoa huko.

1965 mgomo wa zabibu ukalipuka Delano. Walianza vibarua Wafilipino, tarehe 8 mwezi wa tisa, wakiongozwa na Larry Itliong, siku chache baadae chama cha vibarua cha Cesar Chavez nacho kikaingia. Valdez ana miaka 25 akamfuata Chavez akamwambia nataka kuanzisha kikundi cha maigizo. Kwa maelezo yake mwenyewe Chavez alimjibu hela hakuna, waigizaji hakuna, jukwaa hakuna, hata muda wa mazoezi hakuna, bado unataka? Akasema nataka.

Sasa sikiliza hapa maana ndo swali lako. Hakwenda na skripti. Alikwenda na vibao vya kuning'iniza shingoni. Wawili akawavisha MGOMAJI, mmoja MSALITI, yani yule anayeendelea kuvuna wenzake wamegoma, akawaambia haya tuonyesheni kilichotokea leo shambani. Usaliti hakuna aliyeutaka, ikabidi ashawishiwe mtu. Wakaanza kutukanana palepale, chumba kizima kinazomea kinacheka, wengine wanachungulia madirishani. Hakukuwa na cha kufundisha, yule kibarua mgomaji alishamuona msaliti asubuhi hiyo, anajua anavyotembea, anavyokwepa macho, anavyojitetea kwamba ana watoto. Kazi ya Valdez ikawa kupunguza maneno na kupanga nani aanze nani afuate.

Hivyo vipande wakaviita actos, dakika kumi kumi na tano hivi, pazia hamna, meza hamna. Wakawa wanacheza juu ya lori la wazi pembeni ya mashamba na kwenye mikutano ya chama ya kila wiki. Kundi likaitwa El Teatro Campesino, yani maigizo ya watu wa shamba. Machi 1966 chama kikaandamana kutoka Delano mpaka Sacramento, siku 25, zaidi ya kilometa 400, yani kama utoke Tabora kwa mguu ufike Kigoma, na usiku wanapolala wanacheza.

Acto mojawapo inaitwa Las Dos Caras del Patroncito, yani sura mbili za bosi. Bosi kavaa kinyago cha nguruwe, mdomoni sigara kubwa, ana mlinzi wake. Anaanza kumlalamikia kibarua maisha ya tajiri yalivyo magumu, mke anataka hiki, nyumba inataka kile, natamani ningekuwa wewe, unalala bure unasafirishwa bure. Kwa kunogewa na uongo wake mwenyewe anamwambia hebu tubadilishane. Anavua kofia, koti, anampa kiboko, mwisho anampa na kinyago. Kibarua kuvaa tu, sauti imebadilika, anatoa amri. Bosi akisema haya basi imetosha nirudishie, nani amrudishie? Mlinzi wake mwenyewe hamtambui, anamburuza, na bosi anaishia kupiga kelele kumuita Cesar Chavez aje amsaidie 😂 Kibarua anabaki na watazamaji anawaambia nyumba na gari lake nitamrudishia, ila sigara naondoka nayo.

Haya, mpe mkulima wa kwenu nafasi ya mteuzi muone.

Mha_wa_Kasulu

Mwakeye wana jukwaa. Mwalimu umeshusha nondo. Mi nikisoma hivyo namkumbuka babu yangu. Wazee wetu huku Kigoma walichukuliwa kwenda mkonge Tanga, SILABU, ile ofisi ya kukusanya vibarua wa mkonge, inawapakia treni, wanaitwa manamba, wengine hawakurudi mpaka leo. Na sasa hivi vijana wa Kasulu na Kibondo ndo hao wanakuja huko kwenu Urambo na Kaliua kulima tumbaku za watu kwa makubaliano ya mdomo, msimu ukiisha hesabu haikumbukwi. Kijana kwenye igizo lako usimsahau huyo, maana mkulima wa kwenu akilia kaonewa na mteuzi, nyuma yake kuna Mha analia kaonewa na mkulima.

Ila Mwalimu kuna kitu umekiruka. 1967 huyu Valdez si aliondoka kwenye chama? Kaondoka mgomo bado unaendelea, ulikuja kuisha 1970. Halafu Broadway. Mi kwangu hapo naona kama mtu kapandia mgongo wa vibarua kisha kawaacha kwenye mataa.

Mwl_Isevya

Mha nakuheshimu lakini hapana. Ukiwa ndani ya chama wewe ni mgomaji kwanza, mwigizaji wako anatakiwa kesho kwenye mstari wa kuzuia malori, keshokutwa anatumwa mji mwingine kuhamasisha watu wasinunue zabibu, mazoezi mnafanya saa ngapi? Na walitaka kusema mengine nje ya zabibu, shule, vita ya Vietnam, polisi. Hukohuko 1967 wakatoa Los Vendidos, yani waliouzwa, humo kuna duka la kuuza Wameksiko kama mashine, anaingia sekretari kutoka ofisi ya gavana Reagan anatafuta mmoja wa kupamba ofisi, anaonyeshwa huyu kibarua, huyu kijana wa mtaani, kila mmoja anawashwa kwa kubonyezwa, ananunua yule aliyekwishakuwa Mmarekani kabisa mwenye tai. Mwishoni unagundua mashine ni yule muuzaji, hao wengine ni watu na wanagawana hela. Hiyo kwenye mkutano wa chama cha vibarua ungeichezea wapi?

Na hakuhamia Los Angeles kula maisha. Toka 1971 kundi liko San Juan Bautista, kamji kadogo, ukumbi wao lilikuwa ghala la kufungashia mazao, Krismasi wanacheza ndani ya kanisa la misheni la zamani.

Dada_wa_Ujiji

Nimekuwa nasoma kimya, sasa mmenitoa. Habari ya Broadway msiiseme nusunusu. Tamthilia yake Zoot Suit ilianzia Los Angeles, ukumbi wa Mark Taper Forum, 1978. Inahusu kesi ya kweli, 1942 kijana mmoja kauawa, polisi wakasomba vijana wa Kimeksiko, 22 wakapandishwa kizimbani kwa mkupuo, 17 wakatiwa hatiani, rufaa ikaja kufuta yote 1944. Hukumu ilikuwa 1943, na mwaka huohuo wanajeshi wa majini walikuwa wanawapiga barabarani vijana waliovaa zoot suit, yale makoti marefu na suruali pana. Los Angeles watu walijaa mwezi baada ya mwezi maana familia zao zilikuwepo. New York 1979, tamthilia ya kwanza ya Mchikano kufika Broadway, wahakiki wakaikandia na haikumaliza miezi miwili. Mi sioni ajabu, watazamaji waliokuwa wanaijua kesi walibaki upande wa pili wa nchi. Sinema yake ya 1981 aliipiga ndani ya ukumbi wa maonyesho kwa wiki mbili tu, na 1987 ndo akaandika na kuongoza La Bamba, ile ya mwanamuziki Ritchie Valens, hiyo ndo iliyomjulisha kwa kila mtu.

Lakini wakaka nyie mnamsifu kana kwamba aliyafanya peke yake. Zile actos zilitungwa na kundi, alikuwepo Agustín Lira na nyimbo zake, alikuwepo kibarua Felipe Cantú ambaye wanasema alichekesha mpaka mbavu zinauma, walikuwepo wanawake. Mtafiti Yolanda Broyles-González aliliandika hilo 1994, kwamba sifa zimeenda kwa mtu mmoja, na wanawake wa kundi walilalamika wanapewa mama, dada, malaya, hakuna cha nne. Kijana kikundi chako kina wasichana wangapi na wanacheza nini? Tumbaku nani anaifunga kwenye vijiti, nani anaichambua kabla ya soko? Kama jukwaani wanaume wanagombana na mteuzi na wanawake wanapiga vigelegele tu basi hamjacheza Urambo.

Mzee_wa_Stesheni

Mi nasubiri kipande cha kishada nije na kiti changu. Hicho kinyago cha nguruwe kwa huku kwetu tafuteni mnyama mwingine, mtagombanisha misikiti bure 😂

Kijana_wa_Bani (Urambo)

Asanteni sana aisee, nimesoma yote nimerudia. Dada umenipiga pabaya, wasichana wapo wanne na kweli wanaigiza mama mjamzito na nesi. Nitabadilisha. Mha na wewe nimekupata, huyo kibarua wa kutoka kwenu tutamuweka, tena tunaye mmoja kikundini.

Lile la pili halijajibiwa, alikuwa anakula nini? Halafu mnisaidie na kibali, tukisema mambo ya soko la tumbaku si tutaitwa ofisini?

Mwl_Isevya

Alikuwa anakula chaki. Amefundisha Fresno State, Berkeley, Santa Cruz, na miaka ya 90 alikuwa kwenye kundi la walimu wa kwanza wa chuo kikuu kipya cha Monterey Bay. Kundi lilikuwa linazunguka vyuo na nje ya nchi likilipwa. 2016 Obama akamvisha Medali ya Taifa ya Sanaa, lakini medali hailipi bili. Wachikano wengine nao wamepita njia hiyohiyo, kama Jorge Huerta, kaanzisha Teatro de la Esperanza kule Santa Barbara, kapata udaktari wa sanaa za maonyesho 1974, mwaka uliofuata kaingia kufundisha Chuo Kikuu cha California kule San Diego na huku anaendelea kuongoza tamthilia. Kwahiyo mzee wako mwambie unaomba chuo, cheti cha ualimu au TaSUBa, hicho chuo cha sanaa cha Bagamoyo, na kikundi unaendelea nacho jioni.

Kibali usiruke. Sajilini kikundi, BASATA, yani Baraza la Sanaa la Taifa, kupitia afisa utamaduni wa halmashauri, mtendaji wa kijiji apewe barua. Mnajua yaliyowapata Kamiriithu pale Limuru, Kenya, 1977, wakulima na wafanyakazi wa kijiji wamecheza tamthilia yao na mwandishi Ngugi wa Thiong'o kwa wiki chache tu, serikali ikafuta kibali na mwisho wa mwaka Ngugi akawekwa ndani bila kesi.

Dada_wa_Ujiji

Nyongeza kwa Mwalimu, msitaje jina la mtu wala la chama chenu cha msingi, yani ushirika wenu wa tumbaku. Kibao shingoni kimeandikwa MTEUZI kinatosha, mwenye kujijua atajikuna mwenyewe.

Kijana_wa_Bani (Urambo)

Sawa dada. Jana tumejaribu na vibao vya boksi. Mteuzi kacheza binti mmoja anayechambua tumbaku kwa watu, alikuwa anapita anashika jani kwa vidole viwili, ananusa, anageuka pembeni anaongea na simu, anarudi anasema daraja la chini mbele. Hajacheka hata kidogo. Waliokuja kuangalia mazoezi wakaanza kumzomea kabla hajafika robota la pili la tumbaku na mama mmoja akaingia mwenyewe kati kumbishia, hata kibao hana. Tatizo lililobaki hakuna anayekubali kuvaa cha KISHADA.

Mha_wa_Kasulu

Hicho kiningoje mimi, mwezi ujao napita Urambo.