Batistuta kubaki Fiorentina miaka tisa: alikosea au alipatia?

Mtoto wa Chumbageni
Wakuu, jana usiku kwenye kahawa kuna jamaa alisema Gabriel Batistuta, yule mshambuliaji wa Argentina, alichezea bahati kwa kubaki Fiorentina ya Italia, na nimelala nayo. Angalieni. Fiorentina 1991 hadi 2000. Katikati hapo timu ikashuka daraja, 1993, yeye akakataa kuondoka, akacheza Serie B, daraja la pili, na kuirudisha juu. Vikombe vikubwa alivyobeba pale ni Kombe la Italia 1996 na Super Kopa ya mwaka huohuo, ile mechi ya bingwa wa ligi na bingwa wa Kombe. Kisha akaenda Roma, msimu wa kwanza tu, 2000/01, mabao 20 na ubingwa wa Italia. Naona jamaa ana hoja. Angehama akiwa na miaka 25 leo tungekuwa tunamzungumza vingine. Mnasemaje?

Zambarau Damu
Mtoto wa Chumbageni, hilo neno "alichezea" lifute. Msimu wa 1994/95 mtu alifunga katika mechi 11 za mwanzo mfululizo na akamaliza mfungaji bora kwa mabao 26. Ligi kuu ya Italia, Serie A, ya mabeki kama Baresi na Maldini hiyo! Super Kopa ya 1996 ilichezwa San Siro, nyumbani kwa Milan waliokuwa mabingwa. Ikaisha 2-1, mabao yote mawili ya Fiorentina yake. Mtu wa hivyo amechezea nini?

Kipa Mstaafu
Nimedaka miaka mingi ngazi ya wilaya, kwa hiyo washambuliaji nawajua. Batistuta alikuwa na shuti, sibishi. Ila mnapomhesabia mabao 10 ya Kombe la Dunia, toeni matuta, yaani penalti, kwanza. Ugiriki 1994, bao lake la tatu ni tuta. Romania mwaka huo, tuta. Jamaica 1998, la tatu tena tuta. England, tuta. Manne kati ya kumi. Tuta ni zawadi ya refa.

Zambarau Damu
Zawadi ya refa??? Kaka, umewahi kupiga penalti watu 60,000 wakikuangalia? Hata watu 600? Wewe kazi yako ilikuwa kuruka upande mmoja na ukifungwa hakuna wa kukulaumu. Anayekosa ndiye anayezomewa maisha yake yote. Nenda kamuulize Roberto Baggio wa Italia, aliyekosa penalti fainali ya Kombe la Dunia 1994.

Kipa Mstaafu
Usinifundishe kazi yangu. "Hakuna wa kukulaumu" ni maneno ya mtu ambaye hajawahi kusimama golini. Nimelaumiwa kwa matuta mpaka nyumbani kwangu.

Ras Kigamboni
Mnazozana kwa matuta na kumbe mechi yake kubwa mmeisahau. Si alimfunga Nigeria matatu Kombe la Dunia 2002?

Bi Mwanaidi
Hapana mwanangu, umechanganya. Nigeria alifungwa moja tu, kichwa kutokana na kona ya Verón, ikaisha 1-0. Tulilia siku ile kwa sababu tulikuwa na Okocha na Kanu. Mabao matatu ni ya Ugiriki 1994 na Jamaica 1998, na hakuna mwingine aliyefunga matatu katika mechi moja kwenye Kombe la Dunia mbili tofauti.
Na wewe Kipa, kwa heshima zote: Messi Qatar 2022 alifunga mabao saba, manne ni penalti. Kane Urusi 2018 sita, matatu penalti, na Kiatu cha Dhahabu alipewa. Hao nao utawapunguzia?

Kipa Mstaafu
Nawapunguzia wote, dada yangu. Sina ubaguzi.

Ras Kigamboni
Sasa unamgusa Messi. Hapo ndugu umevuka mpaka.

Zambarau Damu
Messi aliivunja rekodi ya Batistuta ya mabao timu ya taifa mwaka 2016 kwa mpira wa adhabu dhidi ya Marekani. Ilisimama miaka yote hiyo. Na Messi alihitaji mechi nyingi zaidi kuifikia. Hilo hamlisemi.

Ras Kigamboni
Mechi nyingi kwa sababu ameitumikia Argentina muda mrefu zaidi! Hiyo ni sifa, unaigeuza kuwa kosa. Kwanza mtu wenu alimalizia Qatar kufuata hela.

Mpemba wa Doha
Ras, hapo kwenye Qatar nijibu mimi, kwa kuwa nilikuwa hapa Doha. Klabu ya Al-Arabi alikuja 2003 akiwa na miaka 34, vifundo vya miguu vimekwisha, na msimu huo akafunga mabao 25, rekodi ya ligi kwa wakati ule. Baada ya kustaafu yeye mwenyewe alisimulia kwamba maumivu yalimfanya ajikojolee kitandani, choo kikiwa mita chache tu, kwa kuwa hawezi kukanyaga chini. Akamwomba daktari amkate miguu. Mtu aliyefika hapo kwa ajili ya mpira, tafadhali usimwambie alifuata hela.

Ras Kigamboni
Hilo la daktari sikulijua. La hela nalirudisha.

Mtoto wa Chumbageni
Jamani, mimi niliuliza kuhusu Fiorentina. Lakini mmenifanya nikumbuke Fiorentina ya 1998/99 ya kocha Trapattoni. Timu inaongoza ligi, Februari Batistuta anaumia dhidi ya Milan, na mshambuliaji mwenzake Edmundo, Mbrazil, anaondoka kwenda Rio kwenye kanivali. Wakamaliza wa tatu, ubingwa ukaenda kwa Milan haohao. Nilikuwa nauliza kama alikosea kubaki. Sasa naona swali ni kwa nini Edmundo aliruhusiwa kuondoka.

Zambarau Damu
Miaka yote hii ndicho kinachoniuma. Goti la Batigol, jina letu la Batistuta, na ndege ya Edmundo. Bila hivyo viwili ubingwa ungekuja Florence, mji wa Fiorentina, na mada hii isingekuwepo.

Bi Mwanaidi
Mimi nitabaki na Novemba 2000. Roma wanacheza na Fiorentina, Batistuta anapiga ile shuti, 1-0, wenzake wanamrukia na yeye analia. Nilikuwa naangalia na marehemu kaka yangu. Alinyamaza, halafu akasema, "Huyu mtu hajaondoka."

Kipa Mstaafu
Pole kwa kaka yako, dada. Ile shuti hata ningekuwa golini mimi isingezuilika, nakubali. Ila la England 1998 bado ni tuta. Na la Shearer dakika chache baadaye nalo ni tuta, msije mkasema nawaonea Waargentina.

Zambarau Damu
Kipa, sijamaliza na wewe.