Rasimu ya mkataba wa biashara ikiandikwa na upande wenye nguvu, tuanzie wapi kuisoma?

Mwambao_Kusini

Wakuu, salaam. Nauliza kwa niaba ya chama cha wasindikaji wadogo wa alizeti, maziwa na ngozi, kilichotakiwa kutoa maoni kuhusu mkataba wa biashara na soko kubwa la nje. Mfano tunaousoma ni EPA (mkataba wa ubia wa kiuchumi) ya Jumuiya ya Afrika Mashariki na Umoja wa Ulaya, ile ya 2014, kwa kuwa maandishi yake yanapatikana.

Linalotuchanganya ni hili. Kwenye karatasi Ulaya inafungua soko lake asilimia 100 tangu siku ya kwanza, isipokuwa silaha. Sisi tunafungua asilimia 82.6, tena kwa miaka 25. Ukitazama hivyo, sisi ndio tuliopendelewa. Mbona basi wataalamu wengi wanasema umetubana? Nguvu ya mkubwa imejificha kwenye vifungu vipi? Na maoni ya kurasa mbili yenye kufaa yaandikweje?

Jedwali

Ndugu, kabla hujafungua ukurasa wa kwanza jiulize: tusiposaini, kesho asubuhi kunatokea nini? Mwenye jibu baya ndiye anayekubali masharti.

Tanzania, Uganda, Rwanda na Burundi zimo kwenye orodha ya Umoja wa Mataifa ya nchi zenye maendeleo duni. Kwa mpango ulioanza 2001, Ulaya inapokea bidhaa zao zote, silaha tu ndizo zimetolewa, bila ushuru. Zisiposaini, siku inayofuata hazipotezi kitu. Kenya haimo kwenye orodha hiyo. Isingesaini, ingeshushwa kwenye mpango wa kawaida wa upendeleo, ambao una ushuru.

Tarehe ya mwisho, 1 Oktoba 2014, iliwekwa na Ulaya kwa sheria yake yenyewe. Haikuwa tarehe ya pande mbili. Mazungumzo yakahitimishwa tarehe 16 Oktoba, siku 15 baadaye, lakini maua ya Kenya yalikuwa yameshaanza kutozwa ushuru wa kati ya asilimia 5 na 8.5, na hali hiyo ikaendelea hadi karibu na Krismasi. Mashine unaweza kuiweka ghalani ukisubiri wanasheria wamalize. Waridi lililokatwa huliweki. Kila aliyekaa upande wa pili wa meza alilijua hilo.

Mzizi wa yote ni wa kisheria. Chini ya Mkataba wa Lomé wa 1975, Ulaya ilitupa upendeleo bila kudai chochote kama hicho kutoka kwetu. Shirika la Biashara Duniani (WTO) liliruhusu hali hiyo iendelee hadi 31 Desemba 2007 tu. Baada ya hapo ikatakiwa mikataba ya kufunguliana, kwa mujibu wa ibara ya 24 ya GATT (mkataba mkuu wa WTO kuhusu ushuru na biashara ya bidhaa), inayotaka ushuru uondolewe kwa "karibu biashara yote". Maneno hayo hayana tarakimu! Asilimia 80 unayoisikia kila mahali ni tafsiri ya Ulaya. Mjumbe anayeingia chumbani akiamini kwamba 80 ni sheria ameshaacha pointi kadhaa mlangoni.

Na tuliingia tumegawanyika. Hadi 2007 Tanzania ilikuwa inazungumza ikiwa kwenye kundi la SADC (Jumuiya ya Maendeleo Kusini mwa Afrika), wenzake wakiwa kundi la Mashariki na Kusini mwa Afrika, ilhali wote wana ushuru mmoja wa forodha. Ulaya ilikuwa na mdomo mmoja. Yaliyofuata yanajulikana: Kenya na Rwanda zikasaini Septemba 2016, Bunge la Tanzania likaukataa Novemba mwaka huohuo, mwaka 2021 wakuu wa nchi wakaruhusu anayetaka aendelee, Kenya ikasaini peke yake 18 Desemba 2023, na mkataba wake ukaanza kazi 1 Julai 2024. Kwa hiyo kadiri Kenya inavyoshusha ushuru wake, bidhaa ileile ya Ulaya itaweza kukutana na ushuru tofauti Mombasa na Dar es Salaam, na kazi ya kutenganisha itaangukia maofisa wa mpakani Namanga na Holili.

Kaunta_ya_Forodha

Naongezea kwenye ile 82.6, maana namba hiyo inawapoteza wengi. Ivunje vipande vitatu. Asilimia 65.4 ni bidhaa ambazo tayari zilikuwa na ushuru sifuri chini ya Ushuru wa Pamoja wa Jumuiya: mashine, malighafi na kadhalika. Asilimia 14.6 inashushwa taratibu ndani ya miaka 15. Asilimia 2.6 ndiyo inayofika mwaka wa 25. Watetezi wa mkataba husema kwamba maumivu yapo kwenye 17.2 tu.

Sikubaliani, na sababu ni kifungu cha kutopandisha ushuru. Bidhaa ikishaingia kwenye orodha ya kufunguliwa, huruhusiwi tena kupandisha ushuru wake dhidi ya Ulaya. Leo sifuri kwenye malighafi fulani ni uamuzi wako wa bajeti, unaweza kuubadilisha mkikutana mawaziri wa fedha. Baada ya kusaini, sifuri hiyo ni ahadi. Kiwanda kikizaliwa mwaka 2035 kutengeneza kitu hicho, ukuta wake ulishabomolewa kabla hakijajengwa.

Tena asilimia hizo zinahesabiwa kwa thamani ya bidhaa tulizoagiza miaka iliyopita. Kitu ambacho hatuagizi sana leo kina uzito mdogo kwenye hesabu, hata kama kesho ndicho kingekuwa kiwanda chetu. Orodha ya bidhaa zilizolindwa (asilimia 17.4: mazao ya kilimo, pombe kali na mvinyo, nguo, viatu, plastiki, karatasi, magari na nyingine) inalinda vilivyopo. Visivyokuwepo havina wa kuvisemea chumbani.

Upande wa mapato fanya hesabu hivi. Shehena yenye thamani ya shilingi milioni 100 ikifika bandarini, ushuru asilimia 25: milioni 25. VAT ya Tanzania bara ni asilimia 18, inatozwa juu ya milioni 125: milioni 22.5. Jumla 47.5. Ushuru ukifutwa, VAT inatozwa juu ya milioni 100, unabaki na 18. Hazina imepoteza milioni 29.5, wala si 25 kama majedwali mengi yanavyoonyesha. Halafu kuna hasara ya pili: mwagizaji aliyekuwa ananunua kitu hicho China na kulipia asilimia 25 anahamia Ulaya ili asilipe. Bidhaa ni ileile, bei dukani imeshuka kidogo sana au haikushuka, ushuru umekwenda.

Bi_Hesabu

Kaka Kaunta, hapo kwenye VAT naomba nikurekebishe kidogo, kwa sababu mwenzetu anaandika maoni rasmi na upande wa pili utaipekua kila tarakimu. Mwagizaji aliyesajiliwa anadai VAT aliyolipa bandarini anapowasilisha ritani. Kinachobaki serikalini ni VAT ya bei ya mwisho dukani. Kwa hiyo ile 4.5 ya ziada inapotea kabisa pale tu bei ya mlaji inaposhuka kwa kiasi kilekile cha ushuru, au mwagizaji asiposajiliwa. Mwagizaji akiubakiza ushuru kama faida yake, bei haishuki, na hasara ya hazina inakaribia 25. Andikeni "kati ya 25 na 29.5" na mweleze kwa nini. Kosa moja dogo la hesabu linatosha kutupilia mbali karatasi nzima.

Kaunta_ya_Forodha

Uko sahihi dada. Nakubali, "kati ya" ndiyo namna salama.

Nanga_Mbili

Mmetumia nguvu nyingi kwenye ushuru. Kifungu ambacho mimi ningekisoma kwanza ni uasili wa bidhaa, yaani kanuni za kuamua bidhaa ihesabike ya nchi gani. Soko linaweza kuwa wazi asilimia 100 na samaki wako asiingie.

Chukueni jodari. Samaki wa makopo kutoka nchi isiyo na upendeleo wowote anatozwa asilimia 24 Ulaya, hivyo kuingia kwa sifuri ni faida kubwa mno. Lakini jodari ni wa nani? Kwa kanuni za Ulaya kwa nchi maskini, aliyevuliwa ndani ya maili 12 za baharini kutoka pwani anahesabika wa nchi hiyo. Ukivuka hapo, hata kama bado uko ndani ya maili 200 za ukanda wetu wa kiuchumi, anayetazamwa ni chombo: kimesajiliwa wapi, kinapeperusha bendera gani, na angalau nusu ya umiliki ni ya raia wa wapi. Vikiwa vya nchi inayopewa upendeleo au ya Umoja wa Ulaya, sawa. Sasa nani ana meli za nyavu za kuzungusha zinazofuata jodari bahari kuu? Si mvuvi wa Kilwa mwenye ngalawa. Ni meli za Hispania na Ufaransa. Samaki aliyevuliwa kwenye maji yetu na meli ya Asia, akasindikwa kwetu na mikono ya kina mama zetu, anatoka bila cheti cha uasili. Aliyevuliwa na meli ya Ulaya anakipata. Kifungu hicho hakitaji ushuru hata mara moja.

Kuna na viwango vya afya. Mwaka 2013 Ulaya ilianza kukagua asilimia 10 ya shehena za mishiri na njegere za maganda kutoka Kenya kwa ajili ya mabaki ya dawa za kuua wadudu, hasa iitwayo dimethoate. Ukaguzi unalipiwa na mwenye mzigo, na mzigo wa mboga ukikaa siku mbili uwanja wa ndege thamani yake inayeyuka. Wakulima wadogo wengi wakaachwa na wasafirishaji, maana kumfuatilia mkulima wa robo ekari ni ghali kuliko kununua kwa shamba moja kubwa. Sipingi usalama wa chakula, na dawa ile ilikuwa tatizo kweli. Ila mkataba unapoahidi "ushirikiano" kwenye viwango bila kutaja maabara, muda wa kutoa taarifa na nani analipa, mzigo wote unabaki kwa mdogo.

Robota_45

Kwa aliyeuliza nguvu iko wapi: wakati mwingine haimo kwenye mkataba wowote.

AGOA ya Marekani, ya mwaka 2000, iliyoruhusu bidhaa nyingi za Afrika kuingia huko bila ushuru, ni sheria ya Bunge lao. Haijadiliwi, inatolewa, na mtoaji anaweza kuichukua. Mwaka 2016 Jumuiya iliamua kuondoa mitumba hatua kwa hatua hadi 2019. Rwanda ikapandisha ushuru kutoka dola 0.20 hadi 2.50 kwa kilo. Machi 2017 chama cha wafanyabiashara wa nguo kuukuu cha Marekani kikapeleka malalamiko, serikali yao ikaanza mapitio. Kenya, yenye viwanda vingi vya nguo vinavyouza Marekani, ilirudi nyuma mapema. Tanzania na Uganda zikafuata. Rwanda ikakataa, na 30 Julai 2018 ikasimamishiwa upendeleo wa nguo.

Angalia tena swali la Jedwali. Rwanda iliuza nguo chache sana Marekani, kwa hiyo adhabu iliweza kubebeka. Kenya ingefunga viwanda. Uamuzi ulikuwa wa pamoja, lakini bei yake haikuwa ya pamoja, na hapakuwa na mfuko wa kumfidia ambaye angeumia zaidi. Hapo ndipo umoja ulipokatikia.

Mwambao_Kusini

Asanteni sana wakuu. Nimefika mahali pa ngozi na nimekwama. Nchi za Jumuiya zinatoza kodi kubwa kwa ngozi ghafi inayouzwa nje ili ichakatwe hapa. Mkataba unaruhusu kuendelea nayo? Na hayo maoni tuyapangeje?

Jedwali

Kodi ya mauzo ya nje inaruhusiwa, lakini kwa muda, kwa bidhaa chache, kwa sababu zilizotajwa (kukuza viwanda ni mojawapo), na baada ya kuiarifu Ulaya. Tatizo ni mpangilio: katazo ndiyo kanuni, ruhusa ndiyo hali ya pekee. Kiwanda cha ngozi kinahitaji zaidi ya muongo kurudisha mtaji. Benki itakopeshaje mradi ambao kinga yake inapitiwa upya kila baada ya muda mfupi? Pendekezeni maneno mengine kabisa, kwa mfano kwamba kodi kwenye bidhaa za namba za forodha 4101 hadi 4103 (ngozi ghafi) ibaki bila kikomo hadi kiwango fulani cha ngozi kichakatwe nchini. Andikeni sentensi nzima kama mnavyotaka isomeke kwenye mkataba. Ofisa aliyechoka ataichukua ilivyo. Malalamiko ya jumla hana pa kuyapachika.

Kila bidhaa itajeni kwa namba ya forodha ya tarakimu sita. Msiseme "mafuta ya kula". Alizeti ghafi ni 1512.11, iliyosafishwa ni 1512.19, na mawese yana yake, 1511. Mkichanganya, wanaweza kulinda ghafi na kufungua iliyosafishwa, na hapo mashine zenu za Singida zimekwisha.

Kifungu cha taifa linalopendelewa zaidi kisomeni mara mbili. Kinasema tukimpa upendeleo bora zaidi mchumi mkubwa, yaani nchi yenye zaidi ya asilimia 1 ya mauzo ya bidhaa duniani au kundi lenye zaidi ya 1.5, Ulaya nayo idai upendeleo huo. Nchi za Afrika zimeachwa nje ya kifungu hicho, ila China na India zimo. Maana yake ni kwamba kila punguzo la ushuru tutakalowapa wao, hata kama wametulipa kwalo, Ulaya nayo inaweza kulidai bure.

Mwisho, kinga ya dharura. Mkataba unakuruhusu kurudisha ushuru bidhaa za nje zikifurika, lakini lazima uthibitishe madhara. Umoja wa Forodha wa Kusini mwa Afrika, wenye mkataba wa aina hii na Ulaya, walipandisha ushuru wa kuku waliogandishwa wenye mifupa hadi asilimia 35.3 mwaka 2018, Ulaya ikawapeleka kwenye usuluhishi. Hao wana takwimu na mawakili kuliko sisi. Kwa hiyo anzeni wiki hii: kila mwanachama aandike lita alizosindika, bei ya kuuzia na idadi ya wafanyakazi, mwezi kwa mwezi, miaka mitatu nyuma. Kwa maziwa ya unga, namba 0402, ombeni na takwimu za mwezi za uagizaji kutoka mamlaka ya mapato, kwa barua yenye tarehe na nakala ya kupokelewa. Mafuriko yakija ndipo muanze kutafuta takwimu, mtakuwa mmechelewa mwaka mzima.